Ndevu za Askofu

Mrakibu Cudlipp hakuinua macho kutoka kwenye kikombe chake cha chai.

"Leo Jumatatu, Pargeter. Saa kumi na mbili jioni namsomea Tidmarsh mashtaka ya kuua. Akiri, asikiri. Watu wa magazeti wamejaa pale nje kama nzi."

"Sijaridhika, afande."

"Mimi nimeridhika. Garbutt kauawa juzi saa kumi na moja jioni, ofisini mwake, ndani ya ukumbi wake mwenyewe wa maigizo. Kapigwa kwa gongo la kriketi la Tidmarsh. Ijumaa wawili hao walitukanana mbele ya waigizaji wote. Yule mama muuza maua kamwona anatokea mlango wa nyuma, kavaa joho la kiaskofu na ndevu nyeupe mpaka kifuani. Na maiti imekutwa na nywele nyeupe ngumini. Unataka nini tena? Malaika ashuke?"

"Nataka kujua Tidmarsh alikuwa wapi."

"Hata mimi. Kamwulize. Siku ya pili hii anatufanyia jeuri."

Inspekta Enoch Pargeter alichukua bahasha yenye zile nywele na kioo chake cha kukuzia. Kabla ya kushuka mahabusu alimtuma Sajini Tebbutt akalete sanduku la rangi la Tidmarsh kutoka ukumbini.

"Sanduku la rangi?" Tebbutt alishangaa. "Tunamfungulia saluni, bwana?"

"Lete tu, Tebbutt. Na mkasi usisahau."

Ambrose Tidmarsh alikuwa ameketi kwenye ubao wa kulalia, mgongo umenyooka, kama vile jela ile ni nyumba yake na Pargeter ni mgeni aliyekuja bila kupiga hodi. Alikuwa amepita miaka sitini. Zaidi ya nusu ya miaka hiyo aliitumia jukwaani, na hakuna hata usiku mmoja aliopewa kuwa shujaa. Alikuwa mtumishi wa mezani, hakimu, mjomba mlevi, baba wa bibi harusi. Watu wa Marlhithe, mji huu wa pwani, walizijua sura zake zote isipokuwa ile aliyozaliwa nayo. Msimu huu alikuwa askofu. Ujanani alichezea timu ya jimbo kwa majira mawili ya kiangazi, na angeendelea, kama waungwana wa klabu wasingekuwa wanaona haya kula meza moja na mwigizaji.

"Umeniletea chakula au maswali?" alisema.

"Maswali."

"Heri chakula. Ingawa kile cha jana kilikuwa kosa la jinai."

Pargeter alivuta kigoda. "Ijumaa uligombana na Garbutt kwa sababu gani?"

"Kriketi. Alitupiga marufuku kucheza, eti mtu asije akavunjika mguu akamharibia onyesho. Nikamwambia nitacheza mpaka siku nitakayotolewa uwanjani kwa machela. Akasema atanifukuza. Nikasema anifukuze. Kila mtu alisikia. Sauti yangu hufika viti vya nyuma kabisa."

"Gongo lako hukaa wapi?"

"Chumba cha kuvalia, nyuma ya mlango. Hata paka wa ukumbi analijua."

"Juzi saa kumi na moja ulikuwa wapi?"

"Sikuwa ofisini kwa Garbutt."

"Ulikuwa wapi?"

"Pengine."

"Watakunyonga, Mzee Tidmarsh."

"Nimeshanyongwa mara mbili, Leeds na Bristol. Watu walilia machozi." Kisha mzaha ukamtoka usoni. "Sikia, Inspekta. Mimi sikumuua Garbutt. Kumtafuta aliyemuua ni kazi uliyoiapia wewe, si mimi. Sitawauza watu wengine ili wewe uwahi chakula cha mchana."

Pargeter aliyashika yale maneno, *watu wengine*. Alilipokea sanduku la rangi kutoka kwa Tebbutt, akaliweka ubaoni.

"Nibandikie ndevu za askofu."

"Hapa?"

"Hapa hapa."

"Hakuna kioo."

"Unakihitaji?"

Tidmarsh alimtazama kama mtu aliyetukanwa. Akatoa msokoto wa sufu nyeupe, akaufungua, akauchana kwa vidole. Akapaka gundi chini ya kidevu, akaanza kubandika kishungi kimoja kimoja, kutoka chini kwenda juu, akibana kwa kitambaa chenye unyevu, akikata kwa mkasi bila kuangalia. Sajini Tebbutt, aliyesimama mlangoni akiuogopa ule mkasi, alijikuta amevua kofia. Ubaoni hakuwapo tena mahabusu. Alikuwapo askofu mzee aliyechoka na dhambi za watu.

"Onyesho likiisha?" aliuliza Pargeter.

"Nazing'oa, natupa. Kesho yake nabandika nyingine. Ndivyo nilivyofundishwa. Siku hizi wapo wanaonunua ndevu zilizofungwa kwenye wavu, wanajivika kama kofia. Waigizaji wa dukani hao."

"Nani, kwa mfano?"

"Sijataja mtu."

Pargeter alinyofoa unywele mmoja kwenye zile ndevu, akauweka chini ya kioo cha kukuzia. Ulikuwa sufu, umejikunja kama mzizi. Akatoa mmoja wa zile zilizotoka ngumini mwa maiti. Huo ulikuwa unywele hasa, umenyooka, na mwishoni una fundo dogo sana, dogo kuliko kichwa cha sindano. Ulikuwa umefungwa mahali, ukang'olewa.

"Umewahi kutoka barabarani ukiwa na rangi usoni?"

"Usinitusi. Mwigizaji aliyelelewa hatoki na rangi hata kununua gazeti. Ni kama daktari aende sokoni na damu mikononi. Huyo aliyempitia mama wa maua alitaka aonekane. Muuaji gani huvaa sura inayojulikana na mji mzima, halafu akapita barabarani mchana?"

"Hilo ndilo lililonileta huku chini."

Tidmarsh alianza kuzing'oa ndevu. Kidole cha mwisho cha mkono wake wa kushoto kilikuwa kimevimba na hakikunjiki. Pargeter aliushika mkono ule, akaugeuza. Kiganjani palikuwa na mstari wa alama ndogo nyekundu zilizopangana. Naye Pargeter alikuwa akicheza kila kiangazi, na aliwahi kulala na alama kama zile. Ni mshono wa mpira wa kriketi unapotua kiganjani kwa nguvu.

"Kidole hiki kimepata nini?"

"Kimebanwa na mlango."

"Mlango wenye mshono?"

Tidmarsh aliuvuta mkono wake.

"Hilo liache, Inspekta," alisema taratibu. "Nakuomba."

Mrakibu Cudlipp alizitazama zile nywele chini ya kioo, akazisukuma pembeni.

"Mtu anaweza kuwa na ndevu mbili. Baraza la wazee wa mahakama halitaacha kumwona na hatia kwa ajili ya fundo. Niambie alikuwa wapi. Usiponiambia, saa kumi na mbili iko pale pale."

Kwenye ngazi Pargeter alimwuliza sajini wake, "Juzi klabu ya waungwana walicheza wapi?"

"Walisafiri, bwana. Hapa mjini kulikuwa na mechi moja tu, fainali ya kombe la wafanyakazi. Gesi na Reli. Nilikuwepo! Gesi walishinda kwa mpira wa mwisho, ulikwenda juu kama kanisa, Bolling akaudaka kwa mkono mmoja pale kwenye uzio. Saa kumi na mbili kasoro hivi. Sijapata kuona."

"Bolling yupi?"

"Seth Bolling, mchochea tanuri. Jitu zito, linaburuta mguu, linatafuna tumbaku. Hata sikujua anaweza kukimbia."

"Alidaka kwa mkono gani?"

Tebbutt aliinua mkono wake wa kushoto hewani, akautazama.

"Anaishi wapi huyo Bolling?"

"Nyuma ya kiwanda cha gesi. Mkewe anapangisha vyumba kwa..." Sajini alisimama katikati ya ngazi. "Kwa waigizaji."

Kiwandani walikuwa mapumziko ya mchana. Wanaume weusi kwa masizi walikuwa wameketi kwenye mabenchi, wanakula mkate na jibini na vitunguu vya siki. Juu ya rafu, katikati ya mabirika ya chai, kombe la fedha lilikuwa liking'aa, safi kuliko kitu chochote mle ndani. Nahodha wao, Jabez Orrell, alikuwa msimamizi wa zamu na pia mhubiri wa kanisa lao dogo. Alisimama alipoliona koti la Pargeter.

"Nimekuja kumpa Bolling pongezi," alisema Pargeter. "Nasikia alidaka mpira wa ajabu."

Mtu mzito mwisho wa benchi aliacha kutafuna. "Ahsante, bwana."

"Ulikuwaje?"

"Ulikuja. Nikaudaka."

"Hivyo tu?"

"Seth si mtu wa maneno," mmoja alidakia. "Hata harusini kwake mchungaji alimwuliza mara mbili."

Wakacheka, lakini kicheko kilikatika haraka. Pargeter alichukua tofaa mezani, akalirusha juu, upande wa kushoto wa Bolling. Mkono wa Bolling ulipanda mpaka kifuani, ukagoma. Tofaa likapasuka sakafuni. Bolling akajishika bega, uso umemgeuka kijivu kwa maumivu.

"Tangu lini?" aliuliza Pargeter.

"Alhamisi. Toroli la makaa lili..."

"Inatosha, Seth," alisema Orrell. Alijifuta mikono kwa kitambaa, polepole, kisha akaketi. "Inspekta, sheria ya kombe ni fupi. Asiye mfanyakazi wa kiwanda hachezi. Waliobaki walikuwa zamu, tanuri haziachwi peke yake. Tulikuwa kumi, na timu ni watu kumi na mmoja. Alhamisi ile ile jioni, mzee Tidmarsh akiwa mezani kwa Seth, akasimama akaanza kutembea kama Seth, kutema kama Seth. Mke wa Seth alicheka mpaka akamwaga supu. Mzee akasema, kama naweza kula kama yeye, naweza kucheza kama yeye."

"Alijipaka rangi?"

"Hakupaka hata masizi. Kofia ya Seth, suruali ya Seth, gongo la Seth, na ule mguu. Mke wa Seth mwenyewe alisahau, akampigia kelele kutoka kwenye benchi aache kutema tumbaku mbele ya wanawake."

"Na mkakubaliana kunyamaza."

"Mimi ndiye niliyemwapisha." Orrell alitazama sakafu. "Baba yangu alicheza kombe hili maisha yake yote, akafa bila kulishika. Tulisikia mzee kakamatwa. Tukasema, atajieleza, atatoka. Jana nimehubiri juu ya kweli, kombe liko dirishani mwa kanisa, nalitazama katikati ya mahubiri."

"Hajajieleza."

"Hata kidogo?"

"Hata jina la kiwanda hajalitaja. Jioni hii anasomewa mashtaka ya kuua. Akipatikana na hatia ni kitanzi."

Kijana mmoja, mwenye kovu la moto shingoni, alisema, "Inspekta, huwezi kusema tu kwamba alikuwa na sisi? Tunakunywa chai, tunapiga soga. Kombe lisitajwe."

"Mtaapishwa mahakamani. Kiapo ni cha kweli yote. Na siwezi kuwalazimisha. Ninaweza kuwaita, lakini nimeshaona watu wanaoitwa wakasahau."

Orrell aliinuka. Alivua koti lake, akaliteremsha kombe kutoka rafuni, akalifunga ndani ya koti kama mtoto mchanga.

"Mzee aliapa kwetu," alisema. "Sisi hatukuapa kumuua. Ukiugusa mpira kwa gongo lako na wakaudaka kabla haujatua, hata mwamuzi asipoona, mtu wa haki hangoji kuambiwa. Anatoka uwanjani kwa miguu yake."

"Reli watatucheka mpaka kiama, Jabez."

"Wacheke. Nani anakuja?"

Mabenchi yakabaki matupu, isipokuwa wawili walioachwa kuchochea tanuri, nao walikuwa wakilalamika kwamba wameonewa.

Mrakibu Cudlipp alikuwa na kalamu mkononi walipoingia ofisini kwake bila kungoja kuitwa. Orrell aliliweka kombe juu ya karatasi ya mashtaka.

"Ni nini hiki?"

"Ni mahali alipokuwa Tidmarsh, bwana," alisema Orrell.

Pargeter alieleza kwa ufupi. Tidmarsh akaletwa kutoka chini. Alipowaona wale watu na masizi yao, damu ilimpanda.

"Mna wazimu? Nani kawaita? Jabez, chukua bakuli lako uondoke hapa!"

"Kaa kimya, mzee. Zamu yako ya kuapa imekwisha."

"Sijamwambia mtu neno!"

"Tunajua. Ndiyo maana tumekuja."

Cudlipp aliwatazama wote kwa zamu. "Yaani ungekubali kunyongwa kwa ajili ya kikombe cha fedha?"

"Si kikombe," alisema Tidmarsh. "Watu hawa waliniomba jambo moja. Waungwana wa klabu yako, Mrakibu, hawajawahi kuniomba hata niwasogezee chumvi. Na kama ungetaka kuninyonga kwa kosa ambalo sikufanya, aibu ingekuwa yako. Mimi ningelala vizuri."

"Nani ataamini kwamba mtu mzima wa jukwaani aligeuka mchochea tanuri mbele ya mji mzima, bila rangi?"

Tidmarsh alimvua Bolling kofia, akaivaa, akatembea kutoka dirishani mpaka mlangoni. Ni hatua chache tu. Mabega yalishuka, shingo ikaingia ndani, mguu wa kulia ukaburuta sakafuni. Akageuka, shavu moja limejaa tumbaku ambayo haikuwapo.

"Ndiye!" Sajini Tebbutt alipiga kelele. "Afande, ndiye huyu aliyedaka! Naapa!"

Bolling wa kweli alisimama akijitazama, mdomo wazi.

Cudlipp alirudisha kalamu kwenye wino. Kisha akalisogeza kombe, akaichana karatasi ya mashtaka vipande viwili. "Kama si yeye," alimwambia Pargeter, "nani?"

"Yule mwenye ndevu za mafundo, afande. Ukumbi unafunguliwa tena usiku wa leo. Nadhani anavaa sasa hivi."

Denzil Frayne alikuwa mwigizaji wa akiba wa kundi lile. Kazi yake ilikuwa kujifunza maneno ya askofu na kungoja Tidmarsh augue. Tidmarsh hakuwahi kuugua. Mjane wa Garbutt alikuwa amemweleza Pargeter jana kwamba mumewe alikusudia kumwachisha kazi Frayne mwisho wa mwezi, na kwamba alimwambia hivyo uso kwa uso. Pargeter aliingia chumba cha kuvalia bila kugonga. Frayne alikuwa mbele ya kioo, joho tayari, ndevu tayari.

"Dakika chache tu, Inspekta, wananiita."

"Ndevu nzuri. Umechukua muda gani kuzibandika?"

"Hizi? Mara moja tu. Ziko kwenye wavu."

"Niruhusu."

Pargeter alizitoa kwa uangalifu, akazigeuza chini ya taa. Upande wa kushoto, karibu na sikio, palikuwa na pengo. Chini ya kioo cha kukuzia matundu ya wavu yalionekana, moja moja, na nyuzi zake zimekatika.

"Zinachakaa," alisema Frayne.

"Hazikuchakaa. Garbutt alizishika. Nywele zake ninazo, na mafundo yake. Ulichukua gongo la Tidmarsh nyuma ya mlango, ukavaa sura yake, ukapita mbele ya muuza maua ili akuone vizuri. Garbutt amekwisha, Tidmarsh amekwisha, na askofu ni wako. Ulidhani kila mwigizaji hufanya kama wewe. Yeye hatoki barabarani na rangi usoni, na ndevu kama hizi hajawahi kuwa nazo."

Frayne alitazama kioo, si Pargeter. Kutoka mbele ya jukwaa ilisikika sauti ya watu wanaketi, wanakohoa, wanafungua pipi.

"Ukumbi umejaa," alisema. "Nipe usiku huu mmoja. Kisha nitakuja mwenyewe. Usiku mmoja tu, nakuomba."

"Garbutt alikuomba nini?"

Frayne alivua joho. Tebbutt akamfunga pingu, akamtoa kwa mlango wa nyuma. Mama muuza maua alikuwa pale pale kwenye kona yake. Alimwangalia kijana yule asiye na ndevu akipita katikati ya polisi, na hakumjua.

Tidmarsh, huru sasa, alikuwa amekwisha kukaa kwenye kiti kile kile mbele ya kioo, anabandika sufu kwa haraka, kidole chake kibovu kimesimama pembeni kama mtu aliyesusa. Msimamizi wa jukwaa alikuwa akizunguka mlangoni akisema Mungu wangu, Mungu wangu. Ndipo Orrell akaingia, bado na masizi, na lile koti lililofungwa bado liko kwapani.

"Umelirudisha?" aliuliza Tidmarsh bila kugeuka.

"Nilikwenda nalo mpaka stesheni, nikamkabidhi nahodha wa Reli mkononi. Nikamweleza yote. Alilitazama, akanirudishia." Orrell alikuwa kama haamini anachokisema. "Anasema hawachukui kombe ambalo hawakulishinda. Wanataka mechi irudiwe Jumamosi. Wamekwisha kuzungumza na waandaaji wa kombe, nao wamekubali."

"Vizuri. Bega la Seth halitakuwa limepona, lakini mtampata mtu wa zamu nyingine."

"Ndiyo hapo, mzee. Wana sharti." Orrell alikohoa. "Wamesema, 'Mleteni yule kibabu. Aje kwa jina lake na sura yake, tumtoe uwanjani inavyostahili.' Bila wewe hawachezi."

Mkono wa Tidmarsh ulisimama kidevuni. Kwa kitambo sura yake haikuwa ya mtu yeyote waliyewahi kumwona jukwaani. Kisha akabana kishungi cha mwisho, akasimama, akavaa joho.

"Kawaambie Reli waje na mipira ya kutosha," alisema, akielekea kwenye taa za jukwaa. "Ule wa kwanza nitaupoteza baharini."